Mapinduzi ya Ufaransa na Kiapo cha Mapadre: Kutoka Versailles 1789 hadi Mapatano ya 1801

Kila tarehe 4 Agosti Kanisa humkumbuka Mtakatifu Yohane Maria Vianney, Paroko wa Ars na msimamizi wa maparoko. Waamini wengi wanajua habari za saa nyingi alizokaa katika kiti cha kitubio. Ni wachache wanaojua namna alivyopokea Komunyo yake ya Kwanza. Ilikuwa mwaka 1799, naye alikuwa na umri wa miaka 13. Misa Takatifu iliadhimishwa katika nyumba ya watu huko Écully, karibu na mji wa Lyon. Madirisha yalifungwa, na mikokoteni iliyojaa nyasi kavu iliegeshwa mbele yake ili mwanga wa mishumaa usionekane nje. Padre aliyeadhimisha alikuwa mtu wa kujificha. Kosa lake lilikuwa moja: hakukubali kula kiapo ambacho serikali iliwadai mapadre wote.

Makala hii inaeleza mwenendo wa Mapinduzi ya Ufaransa tangu mwaka 1789 hadi Mapatano kati ya Kiti Kitakatifu na serikali ya Ufaransa mwaka 1801. Habari za mapinduzi haya ni nyingi mno. Sisi tutaufuata hasa mkasa wa kiapo hicho. Ndicho kilichowatenga na mapinduzi watu wengi walioyapokea kwa furaha mwanzoni, na fundisho lake linatuhusu hata leo.

Ufaransa kabla ya mwaka 1789

Ufaransa ya wakati huo ilikuwa na watu wapatao milioni 28, chini ya Mfalme Louis XVI. Jamii iligawanyika katika matabaka matatu. La kwanza lilikuwa la wakleri, la pili la makabaila, na la tatu lilijumuisha watu wengine wote: wakulima, mafundi, wafanyabiashara, wanasheria na maskini wa mijini. Matabaka mawili ya juu yalisamehewa sehemu kubwa ya kodi. Mzigo wa kuiendesha nchi uliwaelemea wale wa chini.

Kanisa lilikuwa tajiri. Lilimiliki takriban sehemu moja ya kumi ya ardhi ya nchi, na lilipokea zaka kutoka katika mazao ya wakulima. Badala ya kodi, wakleri walimpa mfalme mchango wa hiari ambao kiwango chake walikipanga wenyewe. Hata hivyo utajiri huo haukuwafikia wote. Maaskofu karibu wote walitoka katika familia za makabaila, na baadhi yao waliishi katika ikulu ya Versailles kuliko majimboni mwao. Zaka ya kijiji mara nyingi ilikwenda kwa abasia au kwa wakanoni wa kanisa kuu, huku paroko aliyewabatiza na kuwazika wanakijiji akibaki na posho ndogo. Tangu mwaka 1786 posho ya paroko wa namna hiyo iliwekwa kuwa livre 700 kwa mwaka, wakati askofu wa jimbo tajiri alipata mapato yaliyoizidi mara mamia. Wahenga walisema, mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Paroko wa kijijini aliijua njaa, kwa kuwa aliishi nayo jirani.

Serikali nayo ilizama katika madeni. Vita vya muda mrefu, na hasa gharama za kuwasaidia Wamarekani katika vita vyao vya uhuru dhidi ya Uingereza, viliikausha hazina. Kufikia mwaka 1788 karibu nusu ya mapato ya serikali ilitumika kulipa madeni. Mwaka huohuo mvua ya mawe iliharibu mazao, kisha kipupwe kikali kikafuata. Bei ya mkate ikapanda hadi kumeza sehemu kubwa ya ujira wa kibarua. Mfalme alipokosa njia nyingine, aliitisha Baraza Kuu la Matabaka, ambalo lilikuwa halijakutana tangu mwaka 1614.

Mwaka 1789: maparoko wafungua mlango

Baraza lilifunguliwa Versailles tarehe 5 Mei 1789. Likakwama mara moja katika suala la kura. Desturi ya kale ilikuwa kila tabaka kupiga kura peke yake, hivyo wakleri na makabaila waliweza daima kulishinda Tabaka la Tatu kwa kura mbili dhidi ya moja. Wajumbe wa Tabaka la Tatu walidai matabaka yote yaketi pamoja, na kila mjumbe ahesabiwe kwa kichwa chake.

Hapa ndipo lilipotokea jambo linalosahauliwa mara nyingi. Kati ya wajumbe wapatao 300 wa wakleri, zaidi ya 200 walikuwa mapadre wa parokia. Tarehe 13 Juni maparoko watatu kutoka mkoa wa Poitou waliondoka katika ukumbi wa tabaka lao, wakaenda kuketi pamoja na Tabaka la Tatu. Wengine wakawafuata siku zilizofuata. Tarehe 17 Juni wajumbe hao wakajitangaza kuwa Bunge la Taifa, na siku mbili baadaye wakleri kwa wingi mdogo wa kura wakaamua kujiunga nao. Bila mapadre hao maskini, mapinduzi yangekawia kupata uhalali yaliouhitaji. Hawakwenda kulipinga Kanisa. Walikwenda kukaa na watu wao.

Mambo yakaenda kwa kasi. Tarehe 14 Julai wananchi wa Paris waliiteka Bastille, ngome na gereza la kifalme. Ndani yake walikuwamo wafungwa saba tu, lakini kuanguka kwake kulikuwa ishara kwamba mamlaka ya mfalme yameanza kubomoka. Usiku wa tarehe 4 Agosti wajumbe wa Bunge, kabaila na askofu kwa zamu, walisimama na kukana haki za pekee za matabaka yao. Siku chache baadaye zaka pia ikafutwa. Tarehe 26 Agosti Bunge likapitisha Tamko la Haki za Binadamu na za Raia. Humo lilitangaza kwamba watu huzaliwa huru na sawa katika haki, na kwamba mtu asisumbuliwe kwa sababu ya maoni yake, hata ya kidini. Mwezi Oktoba maelfu ya wanawake wa Paris, waliochoshwa na uhaba wa mkate, walitembea kwa miguu hadi Versailles, na familia ya mfalme ikalazimika kurudi pamoja nao mjini.

Mali ya Kanisa na nadhiri za watawa

Deni la serikali lilikuwa bado palepale. Aliyetoa pendekezo la kulilipa kwa mali ya Kanisa alikuwa askofu, Talleyrand wa Jimbo la Autun. Tarehe 2 Novemba 1789 Bunge liliamua kwamba mali zote za Kanisa ziwe mikononi mwa taifa, nalo taifa ligharimie ibada, mishahara ya wakleri na huduma kwa maskini. Ardhi ikauzwa, na wanunuzi wengi walikuwa matajiri wa mijini na wakulima wenye uwezo. Mkulima asiye na shamba aliambulia kidogo.

Tarehe 13 Februari 1790 Bunge likaacha kuzitambua nadhiri za kitawa na kuyafuta mashirika ya nadhiri za daima, isipokuwa kwa muda yale yaliyofundisha watoto na kuuguza wagonjwa. Watawa waliambiwa kwamba sasa wako huru kuondoka. Wanaume wengi waliondoka. Masista wengi walijibu kwamba walikwisha kuchagua kwa uhuru, na kwamba hawahitaji kufunguliwa kifungo wasichokuwa nacho.

Hadi wakati huo waamini wengi waliendelea kuyaunga mkono mapinduzi. Makanisani uliimbwa wimbo wa shukrani, na bendera za mapinduzi zilibarikiwa altareni.

Katiba ya Kiraia ya Wakleri na kiapo

Tarehe 12 Julai 1790 Bunge lilipitisha sheria iliyoitwa Katiba ya Kiraia ya Wakleri. Baadhi ya vipengele vyake viliondoa maovu ya kweli. Askofu alilazimika kuishi jimboni mwake, na mshahara wa paroko ulipanda hadi livre 1,200 au zaidi. Lakini sheria hiyo ilivuka mpaka. Majimbo, yaliyozidi 130, yalipunguzwa hadi 83 bila Kanisa kushauriwa. Maaskofu na maparoko wangechaguliwa na wapiga kura wa kiraia, na hata wasio Wakatoliki wangeweza kuwa miongoni mwao. Askofu mteule hangeomba kuthibitishwa na Baba Mtakatifu. Angemwandikia barua tu ya kumjulisha. Maaskofu waliokuwamo Bungeni waliomba suala hilo lipelekwe kwanza mbele ya Kanisa, iwe kwa sinodi ya taifa au kwa Papa. Wakakataliwa.

Tarehe 27 Novemba 1790 Bunge likaongeza sharti lililowasha moto. Kila askofu, paroko na padre msaidizi aape kuwa mwaminifu kwa taifa, kwa sheria na kwa mfalme, na kuitetea Katiba iliyopitishwa na Bunge. Asiyeapa atahesabiwa kuwa amejiuzulu. Kiapo kilipaswa kuliwa siku ya Jumapili baada ya Misa, mbele ya waamini.

Tuitafakari Jumapili hiyo ya mwezi Januari 1791. Padre amemaliza kuadhimisha Misa. Mbele yake wamesimama viongozi wa serikali ya mtaa wakiwa na kitabu cha kumbukumbu. Nyuma yao ni watu aliowabatiza. Akiapa, anaweka kando umoja wake na Khalifa wa Mtume Petro. Akikataa, anapoteza nyumba, riziki na parokia, na ataitwa adui wa taifa. Wengine waliapa kwa moyo mweupe, wakiamini kwamba uzalendo na imani havipingani. Wengine waliapa kwa kuogopa njaa, au ili wasiwaache waamini bila mchungaji. Wengine waliapa kwa sharti, wakisema wanaahidi yote yasiyopingana na imani Katoliki. Na wengine walikataa kabisa.

Hesabu inaonesha ukubwa wa jeraha. Kati ya maaskofu wote ni saba tu walioapa. Kati ya mapadre wa parokia, takriban nusu waliapa na nusu wakakataa. Mikoa ya magharibi, kaskazini na Alsace ilikuwa na wengi waliokataa. Kuzunguka Paris na kusini mashariki waliapa wengi. Papa Pio VI alikaa kimya miezi minane, akitafuta njia ya kuepusha mpasuko. Alipozungumza tarehe 10 Machi 1791 na tena tarehe 13 Aprili, aliilaani sheria hiyo na kuwataka walioapa wakane kiapo chao. Wengi walikikana, lakini kwa kuchelewa. Ufaransa ikawa na makanisa mawili: moja la mapadre wa kiapo lenye majengo na mishahara, na jingine la mapadre waliokataa, likiadhimisha ibada ghalani na porini. Kijiji kimoja kikagawanyika juu ya nani abatize, nani afungishe ndoa, nani azike.

Kuanguka kwa ufalme

Mfalme Louis aliitia saini sheria ile, na dhamiri ikamsuta. Katika wosia wake alimwomba Mungu msamaha kwa kutia jina lake katika mambo yaliyopingana na nidhamu na imani ya Kanisa. Usiku wa tarehe 20 Juni 1791 alijaribu kutoroka pamoja na familia yake, akatambuliwa njiani na kukamatwa katika mji mdogo wa Varennes. Tangu hapo wananchi wengi walimwona kuwa msaliti.

Aprili 1792 Ufaransa ilitangaza vita dhidi ya Austria. Majeshi yake yaliposhindwa mwanzoni, hofu ilitafuta wa kumlaumu, na mapadre waliokataa kiapo wakaonekana kuwa majasusi wa adui. Mfalme alipotumia kura yake ya turufu kuzuia sheria ya kuwafukuza nchini, hasira ikamwelekea yeye. Tarehe 10 Agosti umati wenye silaha uliivamia ikulu ya Tuileries. Mfalme akafungwa. Tarehe 21 Septemba Bunge jipya, lililoitwa Konvensheni, likaufuta ufalme.

Kati ya siku hizo mbili, kuanzia tarehe 2 Septemba, makundi ya watu yaliingia katika magereza ya Paris na kuua zaidi ya wafungwa elfu moja. Katika konventi ya Wakarmeli iliyogeuzwa gereza, mapadre waliitwa mmoja baada ya mwingine. Papa Pio XI aliwatangaza wafiadini 191 wa siku hizo kuwa Wenyeheri mwaka 1926. Miongoni mwao walikuwamo Askofu Mkuu Jean-Marie du Lau wa Arles na maaskofu wawili ndugu wa ukoo wa La Rochefoucauld. Mmoja wao, Bruda Salomon Leclercq wa Shirika la Mabruda wa Shule za Kikristo, alitangazwa Mtakatifu na Papa Francisko mwaka 2016.

Konvensheni ilimhukumu mfalme, naye akakatwa kichwa kwa gilotini tarehe 21 Januari 1793. Aliyemsindikiza hadi jukwaani alikuwa padre ambaye hakula kiapo, Henry Essex Edgeworth, mzaliwa wa Ireland.

Vendée na Utawala wa Hofu

Mwezi Februari 1793 serikali iliamuru kuandikishwa kwa askari 300,000. Katika mkoa wa Vendée, magharibi mwa nchi, wakulima waliokwisha kunyang'anywa maparoko wao waliona amri hiyo kuwa shubiri juu ya jeraha. Wakaasi mwezi Machi. Kiongozi wao mmoja wa kwanza, Jacques Cathelineau, alikuwa mchuuzi wa kawaida. Wapiganaji walishona kifuani alama ya Moyo Mtakatifu wa Yesu. Jeshi lao kuu lilishindwa mwezi Desemba, lakini adhabu iliendelea. Mwaka 1794 vikosi vya Jenerali Turreau vilipita vikichoma vijiji na kuua hata wanawake na watoto. Huko Nantes wafungwa, kuanzia na mapadre wapatao 90, walizamishwa mtoni Loire. Waliokufa Vendée kwa jumla walizidi laki moja. Ukweli unatudai tuseme pia kwamba waasi nao walimwaga damu ya watu wasio na silaha, kama ilivyotokea mjini Machecoul.

Jijini Paris madaraka yaliingia mikononi mwa Kamati ya Usalama wa Umma, ambamo Maximilien Robespierre alikuwa na sauti kubwa. Sheria ya Washukiwa ya Septemba 1793 iliruhusu kukamatwa kwa yeyote aliyetiliwa shaka. Watu wapatao 17,000 waliuawa kwa hukumu za mahakama, mbali na waliofia magerezani au waliouawa bila kesi. Wengi hudhani kwamba waathirika walikuwa makabaila. La hasha. Zaidi ya wanane kati ya kila kumi walikuwa watu wa kawaida, wale ambao mapinduzi yalifanywa kwa jina lao.

Imani yenyewe ikashambuliwa. Kalenda mpya ilifuta Jumapili kwa kuweka juma la siku kumi. Makanisa yalifungwa, kengele zikayeyushwa, na katika Kanisa Kuu la Notre-Dame ikafanyika sherehe ya kuitukuza Akili mwezi Novemba 1793. Hata mapadre walioapa hawakusalimika. Wengi walishurutishwa kuacha upadre na kuoa. Kiapo hakikuwaokoa. Mapadre zaidi ya 800 walirundikwa katika meli huko Rochefort wakisubiri kupelekwa ng'ambo, na zaidi ya 500 wakafa kwa njaa na maradhi. Kati yao, 64 walitangazwa Wenyeheri na Papa Yohane Paulo II mwaka 1995.

Wakarmeli wa Compiègne

Masista wa Karmeli ya Compiègne walifukuzwa katika monasteri yao mwaka 1792. Waliendelea kuishi kwa siri katika vikundi vidogo mjini, wakisali pamoja na kujitolea kila siku kuwa sadaka kwa ajili ya amani ya nchi. Walikamatwa Juni 1794. Tarehe 17 Julai wanawake 16, yaani watawa pamoja na wasaidizi wao wawili, wakapelekwa kwenye gilotini jijini Paris. Walikwenda wakiimba. Kila mmoja alipiga magoti mbele ya mama mkuu wao, Mama Teresa wa Mtakatifu Augustino, akaomba ruhusa ya kufa, kisha akapanda jukwaani. Mama mkuu alikuwa wa mwisho. Siku kumi na moja baadaye Robespierre mwenyewe alikatwa kichwa, na Utawala wa Hofu ukaanza kufifia.

Papa Pio X aliwatangaza Wenyeheri mwaka 1906, na tarehe 18 Desemba 2024 Papa Francisko aliamuru waheshimiwe kama Watakatifu katika Kanisa lote.

Walei waliotunza imani

Wakati mapadre wapatao 30,000 walipokuwa uhamishoni, na wengine wamefichwa ghalani, nani aliyeitunza imani? Kwa sehemu kubwa walikuwa walei, na hasa akina mama. Waliwaficha mapadre, wakafundisha watoto katekisimu jikoni, wakazika vyombo vitakatifu ardhini ili visiporwe. Katika vijiji vingi visivyo na padre waamini walikusanyika siku ya Jumapili, na mwalimu wa shule au mzee anayeheshimika akaongoza sala na nyimbo za Misa, bila mageuzo. Waamini wa vigango vyetu, wanaoongozwa na katekista hadi padre atakapofika, watajitambua katika picha hiyo. Serikali ilipolegeza masharti Februari 1795, wanawake ndio waliotangulia katika sehemu nyingi kudai funguo za makanisa.

Papa mfungwa na Mapatano ya 1801

Amani haikuja mara moja. Mateso yalirejea mwaka 1797. Mwaka uliofuata jeshi la Ufaransa liliiteka Roma, na Papa Pio VI, mzee mgonjwa wa miaka zaidi ya 80, akachukuliwa mateka hadi Valence nchini Ufaransa. Alifariki huko tarehe 29 Agosti 1799. Wapo waliosema kwamba huyo ndiye papa wa mwisho.

Makardinali walikutana Venezia, na Machi 1800 wakamchagua Papa Pio VII. Alipokuwa Askofu wa Imola, katika mahubiri ya Noeli ya mwaka 1797, alikuwa amewaeleza waamini wake kwamba utawala wa kidemokrasia haupingani na Injili. Jenerali Napoleon Bonaparte, aliyetwaa madaraka Novemba 1799, alitambua kwamba nchi haiwezi kutulia bila amani ya dini. Tarehe 15 Julai 1801 pande mbili zilitia saini Mapatano. Ufaransa ilikiri kwamba dini Katoliki ni ya raia walio wengi. Kanisa lilikubali kutodai mali iliyouzwa, na serikali ikaahidi kuwalipa wakleri. Serikali ingependekeza maaskofu, lakini Papa ndiye angewapa mamlaka ya kiroho. Ili kuanza upya, Papa aliwaomba maaskofu wote wa zamani wajiuzulu, hata wale walioteseka kwa ajili ya uaminifu wao kwake. Wengi walitii. Siku ya Pasaka, tarehe 18 Aprili 1802, kengele za Notre-Dame zililia tena.

Matunda yaliyofika kwetu

Mapinduzi hayo yaligusa mustakabali wa Kanisa katika Afrika Mashariki pia. Seminari ya Roho Mtakatifu ya Paris, iliyoanzishwa mwaka 1703, ilifungwa mwaka 1792. Ilifufuka baadaye, na mwaka 1848 ikaunganishwa na shirika la Padre Francis Libermann. Wamisionari wake walifika Zanzibar mwaka 1863, na mwaka 1868 wakaanzisha misheni ya Bagamoyo, ambako waliwapokea watumwa waliokombolewa. Mwaka huohuo wa 1868 Askofu Mkuu Lavigerie aliwaanzisha Wamisionari wa Afrika, waliopita Bagamoyo kuelekea maziwa makuu mwaka 1878. Kanisa lililodhaniwa kuwa limekufa Ufaransa ndilo lililotuma wana wake kwetu.

Upande wa utumwa, habari ni za mchanganyiko. Konvensheni, ile iliyowaua mapadre, ndiyo iliyofuta utumwa katika makoloni ya Ufaransa Februari 1794, baada ya watumwa wa Saint-Domingue kujikomboa kwa mapambano yao. Napoleon, aliyefungua makanisa, aliurudisha mwaka 1802. Historia haitupi upande mmoja wa watu wasio na doa.

Fundisho

Kanisa lilijifunza polepole. Mwaka 1892 Papa Leo XIII aliwahimiza Wakatoliki wa Ufaransa kuikubali Jamhuri. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, mwaka 1965, ulifundisha kwamba kila mtu ana haki ya uhuru wa dini, na kwamba Kanisa na dola ni huru kila kimoja katika eneo lake, ingawa vyote vinawahudumia watu walewale.

Mambo mawili yanabaki mioyoni mwetu. La kwanza ni onyo kwa Kanisa lenyewe. Mchungaji anayekula pamoja na wenye nguvu, huku paroko na waamini wake wakiwa na njaa, anaandaa siku ambayo watu hawatatofautisha kati ya kiti cha enzi na altare. Maparoko wa 1789 waliliona hilo kabla ya maaskofu wao. La pili ni onyo kwa kila serikali. Kodi, sheria na heshima ni haki ya dola, kama Bwana alivyofundisha juu ya sarafu ya Kaisari. Dhamiri haina picha ya Kaisari. Mapinduzi yaliyotangaza kwamba mtu asisumbuliwe kwa ajili ya dini yake yalidumu mwaka mmoja na miezi michache tu kabla ya kumdai padre kiapo dhidi ya dhamiri yake. Na kutoka hapo hadi kwenye gilotini hapakuwa mbali.

Mtoto yule wa Écully alipata upadre mwaka 1815. Miaka mitatu baadaye alitumwa Ars, kijiji kidogo ambacho imani yake ilikuwa imepoa. Hakuwahi kuwasahau mapadre waliohatarisha maisha ili yeye apokee Ekaristi. Tunapokwenda kanisani Jumapili mlango ukiwa wazi na kengele ikilia, tumwombee kila mwamini ambaye leo, popote duniani, anasali madirisha yakiwa yamefungwa.

Mtakatifu Yohane Maria Vianney, utuombee. Watakatifu Wafiadini wa Compiègne, mtuombee.